Vipeo: andika kirefu kwanza, kanuni itajileta yenyewe

Wanafunzi wengi ninaowafundisha huja wamekariri kanuni za vipeo (zile namba ndogo za juu, kama 3 katika x³) kama shairi, lakini wakikutana na mabano na alama ya kutoa pamoja, wanakwama. Dawa yangu ni moja: andika kirefu. x³ ni x·x·x, na x² ni x·x. Ukizizidisha unapata x tano mfululizo, yaani x⁵. Vipeo vimejumlishwa vyenyewe. (Mwanahisabati Mfaransa René Descartes, aliyeueneza mtindo huu wa kuandika vipeo mwaka 1637, mara nyingi bado aliandika aa badala ya a². Kuandika kirefu si aibu.)

Ila x² + x³ usiiguse. Weka 2 mahali pa x: 4 + 8 ni 12, wakati 2⁵ ni 32.

Sasa gawanya x² kwa x⁵. Mbili za juu zinakatana na mbili za chini, zinabaki tatu chini: 1/x³. Kwa kutoa vipeo, 2 − 5 = −3. Basi x⁻³ ni 1/x³, hakuna zaidi. Kipeo hasi hakiifanyi namba iwe hasi. Na x³ ÷ x³ ni 1, ndiyo maana x⁰ = 1, mradi x isiwe 0.

Turahisishe mfano huu:

(2a³b⁻²)³ ÷ (4a⁵b⁻⁴)

Kipeo 3 kinamhusu kila aliyemo ndani ya mabano, hata ile 2 ambayo husahaulika sana: 8a⁹b⁻⁶. Kisha kila kitu na mwenzake. 8 ÷ 4 ni 2. Kwa a, 9 − 5 ni 4. Mtego uko kwenye b: −6 − (−4). Wengi huandika −10, lakini kutoa hasi ni kujumlisha, kwa hiyo ni −2. Tunapata 2a⁴b⁻², au kwa vipeo chanya, 2a⁴/b².

Alama zikikuchanganya, zihamishe kwanza: b⁻⁶ ya juu ishuke iwe b⁶, b⁻⁴ ya chini ipande iwe b⁴. Nne zinakatana, mbili zinabaki chini. Mimi binafsi naipenda zaidi njia hii.

Na angalia mabano: (−3)² ni 9, lakini −3² ni −9, kwa sababu pale kipeo kimeishika 3 peke yake.