Shamba la miti Mafinga: kabla hujatuma hela, soko la mbao likoje?

Sisi maafisa misitu siku hizi tunapigiwa sana simu na watu wa Dar. Mtu ameona tangazo kwenye grupu, "shamba linauzwa Njombe, ekari tano, paini ya miaka mitano, subiri mitatu tu uvune", anauliza afisa hii kitu inalipa kweli au ndo tunapigwa? Inalipa, ila sio kwa hiyo miaka mitatu.

Wengi wakisikia mbao wanawaza Sao Hill pale Mufindi, shamba la serikali chini ya TFS (Wakala wa Huduma za Misitu Tanzania), hekta zaidi ya 130,000 ukihesabu na eneo ambalo halijapandwa. Lakini magogo mengi sana sasa hivi yanatoka kwa wananchi, ekari mbili huku, tatu kule, Kilolo, Makete, Njombe, na hapo ndo shida ilipo maana mwananchi hauzi mti ukikomaa, anauza ada ya shule ikifika. Paini ya mbao inataka miaka 18 kwenda juu, watu wanakata ikiwa na 9, na mwenye dingdong, ile mashine ndogo ya kupasulia mbao inayohamishika, yuko hapohapo kijijini anasubiri.

Ebu tupige hesabu kidogo. Gogo la kipenyo sentimita 30 ukililinganisha na la sentimita 15 lenye urefu uleule, ujazo wake sio mara mbili, ni mara nne. Halafu hilo dogo ukilipasua sehemu kubwa inaishia mabanzi na maranda, na mbao chache utakazopata ni za mti mchanga, zikikauka zinapinda kama upinde, fundi wa kenchi akiziona anazikataa. Kwahiyo ile miaka ya mwisho unayoikimbia ndo ilikuwa na hela.

Tukija kwenye soko lenyewe. Kenya walipositisha uvunaji kwenye misitu yao ya umma Februari 2018, mbao zetu zilipata mlango mpana, ila Julai 2023 Rais Ruto akaondoa zuio, kwahiyo usipange biashara yako kwa kutegemea jirani kafunga msitu wake. Nguzo nazo, zamani kila mwenye milingoti (mikaratusi) alikuwa anaota nguzo za umeme, sasa hivi Tanesco wanasimika na za zege. Kinachochangamka kwa maoni yangu ni vinia, yaani zile karatasi nyembamba za mti za kutengenezea plaiwudi, viwanda vimejaa Mafinga, gogo la mlingoti linazungushwa kwenye kisu linamenywa kama chungwa, na wao wanachukua hata magogo membamba ambayo kwenye mbao yasingekuwa na maana. Mwenye milingoti iliyonyooka karibu na barabara amekaa pazuri kuliko mwenye paini changa bondeni ambako lori halishuki masika. (Barabara jamani, watu wanaisahau kabisa, kumbe usafiri ndo unakula faida.)

Sasa ukienda kununua, nenda mwenyewe, usitumiwe video. Uliza idadi ya miti kwa ekari, nafasi ya mita 3 kwa 3 inatoa kama 450, dalali akikwambia kuna elfu moja na hajapunguzia (yaani hajakata baadhi ili inayobaki inenepe) ujue unauziwa fito. Angalia kama kuna barabara ya moto, ule ukanda uliosafishwa kuzunguka shamba, maana kiangazi moto ukitoka kwa jirani anayeandaa shamba la mahindi, ekari tano zinaisha mchana mmoja. Na ardhi ya kijiji haimaliziki na dalali kwenye baa, lazima ipite serikali ya kijiji.

Kama tayari unayo paini ya miaka 9 na ada inakubana, usifyeke shamba lote. Pogolea (kata matawi ya chini), kisha punguzia, toa ile iliyopinda na iliyodumaa, hapo utapata kuni, fito na mbao ndogondogo za kusukuma ada ya muhula, ile iliyonyooka iache inenepe.