Gettysburg 1863: amri zilitokaje juu na nani alizibeba

Wageni wakija kwenye maonyesho yetu ya historia ya vita swali huwa ni lile lile, kati ya Lee wa Kusini na Meade wa Kaskazini, waliopigana kwenye mji wa Gettysburg, Pennsylvania, nani alikua jenerali mkali zaidi. Mimi kazi yangu ni kuwaelezea wageni hayo mambo na kila siku nawaambia ukianzia hapo Gettysburg hutaielewa. Ukitaka kuielewa fuata amri, yaani ilitokaje juu, ilishukaje, na ilipofika nusunusu au haikufika kabisa nani alijitwika jukumu.

Vita yenyewe ni ile ya wenyewe kwa wenyewe Marekani, 1861 mpaka 1865. Majimbo ya Kusini yalijitenga ili yabaki na utumwa, nalisema hili wazi kwa sababu kuna watu wanapenda kulizungusha. Na pwani yetu ilionja makali yake, kile kitambaa cha merikani kilichokua kinashushwa Zanzibar na kwenda mpaka bara kilitoka viwanda vya Massachusetts, pamba ya Kusini ilipokatika merikani ikaadimika na nguo za Uingereza na Bombay zikachukua soko.

Juni 1863 Robert E. Lee akaingia Pennsylvania na askari zaidi ya 70,000. Njiani watu wake walikamata watu weusi, wakiwemo waliozaliwa huru, wakawapeleka Kusini kutumikishwa. Wakazi weusi wa Gettysburg wengi walikimbia mji kabla hata risasi ya kwanza haijalia. Hili kwenye habari za majenerali huwa linarukwa na mimi sitaki kuliruka.

Sasa Lee alikua na tabia yake, anawapa maafisa wake lengo alafu anawaachia wenyewe waone watalifikiaje. Kwa jenerali wake Stonewall Jackson ilifanya kazi vizuri mno, lakini Jackson alikufa tarehe 10 Mei baada ya kupigwa risasi na askari wake mwenyewe gizani huko Chancellorsville. Lee akaligawa jeshi upya, sehemu moja akabaki nayo jenerali Longstreet, mbili akawapa majenerali Ewell na A.P. Hill ambao hawakuwahi kuongoza kundi kubwa kiasi hicho, ila namna ya kuamuru akabaki nayo ile ile. Na Jeb Stuart, mkuu wa wapanda farasi, alipewa amri pana akaenda mzunguko mrefu kulipita jeshi la Kaskazini, akarudi tarehe 2 Julai mchana vita ikiwa siku ya pili. Wapanda farasi ndio waliompelelezea adui, kwa hiyo siku zote hizo Lee alikua anatembea bila macho.

Upande wa pili, Kaskazini, George Meade aliamshwa usiku wa kuamkia tarehe 28 Juni na mjumbe kutoka Washington, akadhani amekuja kukamatwa, kumbe anakabidhiwa jeshi zima la watu zaidi ya 90,000. Siku tatu kabla ya vita! Hakua na muda hata wa kuwafahamu wasaidizi wa ofisi yake, kwa hiyo ilibidi awaamini watu aliowakuta.

Na watu wenyewe walikuepo. John Buford alikua na wapanda farasi wasiofika 3,000, alifika Gettysburg tarehe 30 Juni akaangalia vile vilima vya kusini mwa mji akaona anayevikalia ndiye mwenye vita. Asubuhi ya tarehe 1 Julai akawashusha watu wake kwenye farasi wapigane kwa miguu, nia ni kuchelewesha tu mpaka askari wa miguu wafike. Jenerali John Reynolds akawahi kufika nao, asubuhi hiyo hiyo risasi ikamuua. Meade alikua bado Taneytown, mwendo wa kama kilometa 20, akamtuma Winfield Scott Hancock akashike uongozi ingawa Oliver Howard aliyekua pale alikua mkubwa wake kwa cheo. Kumpa mdogo amri juu ya mkubwa jeshini sio jambo jepesi, ila lilituliza mambo na Kaskazini, japo walifukuzwa mjini siku hiyo, wakabaki na vilima.

Jioni ile ile Lee akamwambia Ewell achukue kilima cha makaburini "kama inawezekana", na wakati huo huo asianzishe vita kubwa. Ewell hakushambulia. Watu wanamlaumu mpaka leo, mimi naona wanamwonea, askari wake walikua wamechoka, msaada aliouomba hakupewa, na amri yenyewe ilimwachia mlango wa kutokufanya.

Siku ya pili Kaskazini nusura waangushwe na mtu wao. Daniel Sickles, mwanasiasa aliyepewa ujenerali, alisogeza watu wake mbele kama 10,000 bila ruhusa mpaka kwenye shamba la mapichi, akaacha pengo, wakasagwa vibaya na yeye akapoteza mguu. Ila tazama wengine walichofanya. Gouverneur Warren, mhandisi mkuu wa jeshi, alipanda kilima cha Little Round Top akakuta kina watu wachache tu wa kupeana ishara, akaomba askari haraka, na kanali mmoja, Strong Vincent, aliposikia ujumbe hakusubiri bosi wake apatikane, akaipandisha brigedi yake kwa dhamana yake mwenyewe. Alijeruhiwa pale na siku chache baadae akafa. Pembeni kabisa ya mstari wake alikuepo Joshua Chamberlain, mwalimu wa chuo kutoka Maine, na watu wasiofika 400, risasi zilipokua zinawaishia akaamuru wachomeke singe wateremke mbio. Na upande mwingine, Culp's Hill, mzee George Greene wa miaka 62 alikua ameshawajengesha watu wake kuta za magogo na mawe mapema, brigedi moja ikashikilia kilima usiku huo.

Usiku Meade akawakusanya majenerali wake kwenye kijumba cha mjane Lydia Leister akawauliza, tubaki au turudi nyuma, tushambulie au tuwasubiri. Kila mtu akasema lake, wakakubaliana kubaki na kusubiri.

Kwa Lee hapakua na kikao cha namna hiyo. Longstreet alipinga shambulio la tarehe 3 tangu mwanzo, Lee akashikilia lake. Saa 7 mchana mizinga kama 150 ya Kusini ikaanza kunguruma, na Henry Hunt, mkuu wa mizinga wa Kaskazini, akaamuru ya kwake ipunguze kupiga ili kuhifadhi risasi, Kusini wakadhani wameinyamazisha. George Pickett, jenerali wa Kusini, akaomba ruhusa ya kwenda, Longstreet akashindwa kusema akainamisha kichwa tu kukubali. Watu kama 12,500 wakatembea zaidi ya kilometa moja uwanja mweupe, na zaidi ya nusu waliuawa, wakajeruhiwa au wakakamatwa.

Jumla ya siku tatu, pande zote mbili, ni watu kama 51,000 waliokufa, kujeruhiwa, kukamatwa au kupotea. Tarehe 4 Julai Lee akaanza kurudi na mvua, siku hiyo hiyo Vicksburg, mji wa Kusini kule Mississippi, ikasalimu amri kwa Grant, jenerali wa Kaskazini. Agosti Lee akamwandikia rais wake Jefferson Davis kuomba kuachia jeshi, akakataliwa.

Meade hakumkimbiza Lee kwa kasi aliyoitaka Rais Lincoln, na Lee akavuka mto Potomac salama. Lincoln akamwandikia Meade barua ya uchungu kwamba alimwacha adui akiwa mkononi, alafu akaifunga kwenye bahasha na kuandika juu yake kwamba haikutumwa wala kusainiwa.