Rangi iliyozama kwenye turubai

Mwezi uliopita nilitandika kipande cha turubai ya kuchorea sakafuni, kibichi, bila praima yoyote (ile rangi ya msingi inayozuia kitambaa kunywa rangi), nikakimwagia rangi ya mafuta ya kuchorea niliyoizimua kwa tapentaini mpaka ikawa nyepesi kama chai. Haikukaa juu. Ilizama, ikatambaa kwenye nyuzi, na kesho yake kila doa la buluu lilikuwa limezungukwa na pete ya njano iliyofifia. Mafuta yalikuwa yamekwenda mbali kuliko rangi yenyewe.

Nilifanya hivyo kwa sababu nimechoka kufundisha habari za ekspreshonisti dhahania, wale wachoraji wa Marekani walioacha kuchora vitu vinavyotambulika ili rangi na mkono vieleze hisia, kwa maneno matupu. Tunaambiwa Pollock, Rothko na de Kooning waliwapa wachoraji wa Marekani uhuru. Sikatai. Ila mimi ni mtu wa rangi na vitambaa, na urithi wao nauona humo.

Jackson Pollock alianza kudondosha rangi mwaka 1947, katika banda lake huko Springs, Long Island. Turubai ilitandikwa chini, naye akaizunguka na kijiti au brashi iliyokakamaa, akitumia rangi za makopo za kupakia nyumba. Picha yake Autumn Rhythm ya 1950 ina upana wa zaidi ya mita 5. Isogelee: mistari mingi imelala juu ya kitambaa, imevimba kidogo, kiasi kwamba unatamani kuufuata mmoja kwa kidole (mlinzi hatakubali). Mwaka 1951 akageukia nyeusi iliyozimuliwa, na turubai ikaanza kuinywa. Watu huzipita picha hizo za nyeusi mbiombio. Mimi huanzia hapo.

Mchoraji Helen Frankenthaler alizijua kazi za Pollock vizuri. Oktoba 1952, akiwa na miaka 23 na ametoka kuchora mandhari ya Nova Scotia, alitandika turubai mbichi ya karibu mita 3 kwenye sakafu ya studio yake New York. Akachora mistari michache ya mkaa, kisha akamimina rangi ya mafuta iliyozimuliwa. Ndiyo picha iitwayo Mountains and Sea. Waridi, kijani na buluu zimo ndani ya kitambaa, kama kwenye batiki, na pete za mafuta nilizozipata mimi zipo pale pia.

Mwaka uliofuata mhakiki Clement Greenberg aliwapeleka wachoraji Morris Louis na Kenneth Noland, wote wa Washington, wakaione picha hiyo. Louis alirudi nyumbani akabadili uchoraji wake wote. Alitumia Magna, aina ya mwanzo ya akriliki (rangi ya plastiki), iliyokubali tapentaini. Aliifanyia kazi kwenye chumba cha kulia cha takriban mita 3.7 kwa 4.3, na baadhi ya picha zake ni pana kuliko chumba chenyewe! Hakuruhusu mtu amtazame akichora. Sisi mafundi bado tunabishana alikuwa akiikunja vipi turubai ili rangi ishuke vile.



Anayenivutia zaidi ni mchoraji Sam Gilliam, mzaliwa wa Mississippi aliyehamia Washington mwaka 1962. Mwishoni mwa muongo huo aliloweka turubai kwa akriliki, akaivua fremu kabisa, akaitundika darini na ukutani ikining'inia kwa mikunjo mizito. Jaribu hivyo kwa rangi nene iliyokaa juu ya praima: itapasuka kwenye kila mkunjo. Rangi iliyozama hujikunja pamoja na pamba.

Na praima haikuwepo bure. Mafuta ya kitani, yale yaliyomo kwenye rangi ya mafuta, yakikaa kwenye pamba tupu kwa miaka mingi, huikausha ikawa ya kukatika. Mwanzoni mwa miaka ya 1960 Frankenthaler naye alihamia akriliki. Kipande changu nimekiacha dirishani; ndani ya zile pete, kitambaa kimeshaanza kukakamaa.