Elimu kwa Umma: Mkopo Wako wa Nyumba Utakugharimu Kiasi Gani Hadi Siku ya Mwisho

Malalamiko kuhusu mikopo ya nyumba yamekuwa yakiongezeka kwenye dawati letu, na mengi yanafanana. Mkopaji amelipa miaka 5 bila kuruka hata mwezi mmoja. Anaomba taarifa ya mkopo, anakuta deni limeshuka kidogo tu, na anahitimisha kwamba fedha zake zimeliwa. Akaunti inapokaguliwa, mara nyingi hesabu inakutwa sahihi hadi senti ya mwisho. Kilichokosekana ni mtu wa kumwonyesha hesabu hiyo kabla hajatia saini, na hiyo ndiyo kazi ya makala hii. Haichukui nafasi ya mkataba wako. Yanapotofautiana, mkataba ndio unaotawala.

Fedha za miaka ya mwanzo zinakwenda wapi

Tuchukue mkopo wa 100,000,000, riba ya asilimia 12 kwa mwaka inayotozwa kwenye salio linalopungua (yaani kwenye deni lililobaki tu), muda wa miaka 20, rejesho la kiasi kimoja kila mwezi. Sarafu haijalishi. Rejesho linakuwa 1,101,086.

Mwezi wa kwanza riba ni asilimia 1 ya deni lote, yaani 1,000,000. Kinachobaki kupunguza deni la msingi, yaani kiasi chenyewe ulichokopa, ni 101,086 tu. Mwezi wa pili deni ni 99,898,914, riba yake 998,989, na msingi unapungua kwa 102,097. Inakwenda hivyo mwezi baada ya mwezi: rejesho ni lilelile, ila ndani yake sehemu ya riba inapungua taratibu na sehemu ya msingi inakua. Ni katika mwezi wa 172, baada ya miaka 14 na ushei, ndipo sehemu ya msingi inapoizidi sehemu ya riba kwa mara ya kwanza.

Mwisho wa mwaka wa 5 umeshalipa 66,065,160, na bado unadaiwa kama milioni 91.7. Mwisho wa mwaka wa 10 umelipa zaidi ya milioni 132, unadaiwa milioni 76.7. Deni linafika nusu mwishoni mwa mwaka wa 15. Ukimaliza rejesho la 240 utakuwa umetoa takriban milioni 264.3, na katika hizo riba ni milioni 164.3.

Tunaomba jambo moja lieleweke, kwa sababu tunaulizwa kila siku: benki haichukui riba ya miaka yote kwanza halafu ndiyo ianze kupunguza deni. Riba ya mwezi ni ya mwezi huo. Ni kubwa mwanzoni kwa sababu deni ni kubwa mwanzoni. Yote haya yameandikwa mstari kwa mstari kwenye jedwali la marejesho, ambalo kwa kawaida ni kiambatisho cha mkataba. Kama hukupewa, una kila sababu ya kulidai kabla ya kusaini. Kama ulipewa na hukulifungua, lifungue leo.

Muda ndio unaokula zaidi

Swali tunaloulizwa na karibu kila mwombaji ni "rejesho litakuwa ngapi kwa mwezi?" Ni swali la haki, kwa sababu lazima likuingie kwenye mshahara. Lakini anayeuliza hilo peke yake hupewa jibu rahisi: tuongeze muda. Angalia kinachotokea kwa mkopo uleule na riba ileile. Kwa miaka 10 rejesho ni takriban 1,434,700, na jumla yote milioni 172.2. Kwa miaka 15 ni 1,200,200, jumla milioni 216. Kwa miaka 20 ni 1,101,100, jumla milioni 264.3. Kwa miaka 25 ni 1,053,200, jumla karibu milioni 316.

Soma tena hatua ya mwisho. Kutoka miaka 20 hadi 25 unapata nafuu ya 47,900 hivi kwa mwezi, na unailipia milioni 51.7. Kutoka miaka 10 hadi 15 nafuu ni kubwa, zaidi ya 234,000 kwa mwezi, na kwa familia nyingi hiyo ndiyo tofauti ya kuweza na kutoweza. Kadiri muda unavyorefuka, ndivyo kila mwaka unaoongezwa unavyokupa nafuu ndogo zaidi kwenye rejesho. Kwa hiyo afisa mikopo akikupa muda mmoja, mwombe akuandikie na miwili mingine pembeni, pamoja na jumla ya kila mmoja. Ni kazi ya dakika chache kwenye kompyuta yake.

Ni haki kusema upande wa pili. Mfumuko wa bei ukiwapo na kipato chako kikipanda, rejesho la mwaka wa 18 litakuwa jepesi kuliko lile la mwaka wa 2, ingawa tarakimu ni zilezile. Na wakati wote huo umekaa kwenye nyumba yako badala ya kulipa kodi ya pango. Hatumzuii mtu kukopa kwa muda mrefu. Tunataka achague akiwa ameziona namba zote.

Isiyopungua na isiyobadilika ni mambo mawili tofauti

Hapa kuna mkanganyiko unaowagharimu watu. Riba isiyobadilika maana yake kiwango kinabaki kilekile kwa muda uliotajwa. Riba isiyopungua maana yake riba inatozwa kwenye kiasi cha awali siku zote, hata baada ya kulipa nusu ya deni. Ya kwanza inaweza kuwa kinga yako. Ya pili ni namna ya kukokotoa inayofanya mkopo uonekane rahisi kuliko ulivyo.

Mkopo wa 100,000,000 kwa riba isiyopungua ya asilimia 7 kwa miaka 20 unatozwa 7,000,000 kila mwaka, jumla riba 140,000,000, na rejesho la 1,000,000 kamili kwa mwezi. Ukigeuza rejesho hilo kuwa riba ya salio linalopungua, unapata kama asilimia 10.5. Anayekataa ofa ya asilimia 10 ya salio linalopungua na kukimbilia "asilimia 7" amechagua mkopo wa ghali zaidi. Na asilimia 12 isiyopungua, kwa muda huohuo, inazidi asilimia 16 ukiipima kwa salio linalopungua. Usilinganishe asilimia kabla ya kuuliza zinatozwa kwenye nini.

Riba inapopanda

Mikopo mingi ya nyumba ina riba inayobadilika, au isiyobadilika kwa miaka michache ya mwanzo kisha inaachiwa. Tuseme baada ya miaka 5 kiwango kinapanda kutoka asilimia 12 hadi 14, na deni ni lile la milioni 91.7. Mkataba unaweza kwenda njia mbili.

Njia ya kwanza, muda unabaki na rejesho linapanda hadi karibu 1,221,800. Inauma, lakini unaiona. Njia ya pili, rejesho linabaki 1,101,086 na muda unarefuka. Wengi huipenda hii kwa sababu hakuna kilichobadilika kwenye mshahara. Sasa hesabu: riba ya mwezi kwa asilimia 14 ni kama 1,070,350, kwa hiyo msingi unapungua kwa 30,700 tu. Miezi 180 iliyobaki inageuka kuwa takriban 309. Miaka 15 imekuwa zaidi ya 25. Kiwango kikifika asilimia 14.5, riba ya mwezi inazidi rejesho lenyewe, na deni linaanza kukua ilhali unalipa kila mwezi bila kukosa.

Kabla ya kusaini, tafuta kwenye mkataba kifungu cha kubadilika kwa riba na usome mambo haya: kiwango kinafuata kigezo gani, benki inaongeza asilimia ngapi juu ya kigezo hicho, kuna ukomo wa juu au hakuna, utapewa taarifa siku ngapi kabla, na kinachobadilika ni rejesho au muda. Taarifa ya mabadiliko ikikufikia, usiiweke kabatini. Omba jedwali jipya la marejesho.

Gharama ambazo hazimo kwenye asilimia

Ada ya kushughulikia mkopo, ada ya mthamini, wakili, ushuru wa stempu pale unapotozwa, usajili wa rehani, bima ya maisha ya mkopaji na bima ya moto. Kila moja ina sababu yake, na hatutazichambua zote. Kuna moja tunataka uitazame kwa karibu: ada inapojumuishwa ndani ya mkopo. Ada ya asilimia 1.5 kwenye mfano wetu ni 1,500,000. Ukiilipa mkononi, imeisha. Ikiongezwa kwenye deni, hadi mwisho wa miaka 20 utakuwa umeilipia karibu milioni 4. Kwa bima ya maisha, uliza kama fidia inafuata deni linavyopungua au inabaki pale pale, na kama malipo ni ya kila mwaka au ya mara moja yaliyoingizwa kwenye mkopo.

Kuna pia riba ya siku za mwanzo. Fedha zikitoka tarehe 5 na rejesho la kwanza likaangukia tarehe 30 ya mwezi unaofuata, zile siku 25 za ziada zina riba. Kwa deni la 100,000,000 ni takriban 32,877 kwa siku, yaani kama 822,000. Huo si wizi, lakini ulipaswa kuambiwa.

Na unapojenga badala ya kununua, kipindi cha neema si bure. Ukipewa miezi 12 bila kulipa na riba ikalimbikizwa, unaanza marejesho ukidaiwa kama milioni 112.7. Kwa miaka 20 rejesho lake ni takriban 1,240,700.

Kulipa zaidi na kulipa mapema

Kinachopunguza gharama ni kuushusha msingi mapema. Ukiongeza 100,000 kwenye rejesho tangu mwezi wa kwanza, mkopo wa miaka 20 unaisha kwa 15, na unaokoa zaidi ya milioni 48. Ukipata 5,000,000 mwishoni mwa mwaka wa 1 ukazipeleka kwenye deni, unakata miaka 3 hivi na kuokoa riba ya milioni 35. Kiasi hichohicho mwishoni mwa mwaka wa 15 kinaokoa chini ya milioni 4.

Lakini usiingize tu fedha kwenye akaunti. Bila maelekezo, mfumo unaweza kuzihesabu kama marejesho ya miezi ijayo, zikakaa zikisubiri tarehe huku riba ikiendelea kutozwa kwenye deni lote. Andika barua yenye namba ya mkopo, kiasi, tarehe, na maneno haya: fedha hizi zipunguze deni la msingi, rejesho libaki kama lilivyo, muda ufupishwe. Pata nakala yenye muhuri wa kupokelewa. Baada ya siku chache omba jedwali jipya na uhakikishe salio limeshuka. Kabla ya yote, soma kifungu cha adhabu ya kulipa mapema. Adhabu ya asilimia 2 kwenye 5,000,000 ni 100,000, na bado inalipa. Ikitozwa kwenye salio zima, ni habari nyingine.

Ukichelewa

Malipo yanayoingia kwenye mkopo wenye malimbikizo huwa na mpangilio: kwanza gharama na adhabu, kisha riba iliyochelewa, kisha riba ya sasa, na mwisho msingi. Ndiyo maana mtu aliyeruka miezi miwili na kurudi kulipa kawaida anaweza kuendelea kuonekana amechelewa kwa mwaka mzima. Lazima malimbikizo yalipwe, pamoja na adhabu yake, ndipo akaunti irudi sawa.

Angalia adhabu inatozwa kwenye nini. Tuseme mkataba unaongeza asilimia 5 kwa mwaka. Ikiwa ni kwenye rejesho lililochelewa, nyongeza ni kama 4,600 kwa mwezi. Ikiwa ni kwenye salio lote la milioni 91.7, ni kama 382,000. Vifungu hivi viwili hutofautiana kwa maneno machache tu.

Ukiona mwezi ujao hautatosha, andika kabla tarehe haijafika. Kuomba mkopo upangwe upya ukiwa bado hujachelewa ni jambo moja, kuomba baada ya notisi ni jingine kabisa. Notisi ya kukiuka mkataba inatoa muda wa kurekebisha, na muda huo ukipita benki inaweza kuelekea kuuza dhamana kwa taratibu za sheria. Mnada ukifanyika, fedha hulipa kwanza gharama za uuzaji, kisha deni, na kinachobaki ni cha mwenye nyumba. Zisipotosha, upungufu unaweza kudaiwa. Kuzima simu hakusimamishi siku za notisi.

Rejesho la mwisho

Wiki chache kabla ya kumaliza, omba kwa maandishi salio la kufunga mkopo, lenye tarehe ya ukomo wake, kwa kuwa riba huongezeka kila siku. Lipa kiasi hicho kamili. Senti chache zilizobaki huacha akaunti wazi. Kisha dai barua ya kumaliza deni, hati ya kuondoa rehani iliyosainiwa, na hati miliki yako ya asili. Sitisha bima ulizokuwa unalipa kupitia mkopo.

Hati ya kuondoa rehani haina nguvu ikiwa kwenye droo. Ipeleke kwa msajili wa hati, lipa ada yake, na baada ya usajili fanya upekuzi, yaani omba kuona kilichoandikwa kwenye daftari la msajili kuhusu nyumba yako. Jina lako liwepo kwenye sehemu ya mmiliki, na kwenye sehemu ya rehani kusibaki jina la benki.