Gemu Ikikataa Kufunguka Mara ya Pili, RAM Haihusiki

Wiki hii tena nimeletewa kompyuta niiongezee RAM, yaani kumbukumbu ya kufanyia kazi, na sababu ni ileile. Mwenyewe ana akaunti mbili za Guild Wars 2, gemu ya mtandaoni, na anataka kuzitumia kwa pamoja. Ya kwanza inafunguka, ya pili inagoma. Rafiki mmoja kamwambia mashine haina nguvu, mwingine kamwambia anakili folda nzima ya gemu aiweke kwenye diski D. Alishanakili. Mashine ina GB 16, na sehemu kubwa iko wazi. Nimeeleza jambo hili kwa mdomo mpaka nimechoka, sasa naliandika.

Kompyuta iliyoelemewa ina dalili zake: gemu inafunguka kisha inakwama, picha zinakatikakatika, au programu inajifunga katikati ya mchezo. Gemu inayokataa kabla dirisha halijatokea haijaelemewa na chochote. Imekataa kwa sababu aliyeiandika aliiandika ikatae.

Ndani ya Windows kuna kitu kinaitwa myuteksi. Kazi yake ya asili ni kuhakikisha kitu kimoja hakiguswi na wawili kwa wakati mmoja, lakini myuteksi inaweza kupewa jina, na jina hilo likaonekana na programu zote za kikao kilekile cha mtumiaji, yaani tangu aingie Windows mpaka atoke. Gemu ikiwaka, miongoni mwa mambo ya mwanzo kabisa huomba kuunda myuteksi yenye jina lake. Windows ikirudisha namba 183, maana yake jina hilo lipo tayari. Gemu inaelewa kwamba kuna nakala nyingine inaendelea, inajifunga. Ni kama kofia iliyowekwa juu ya kiti ukumbini: anayefika baadaye haulizi kama kiti kina nguvu ya kumbeba, anaona kofia anapita. Jina la Guild Wars 2 ni AN-Mutex-Window-Guild Wars 2. Diablo II: Resurrected nayo ina kitu cha jamii hiyo chenye jina linaloishia Check For Other Instances. Huna haja ya kuniamini: pakua Process Explorer, programu ya kuchungulia programu zinazoendelea, ni ya bure kutoka Microsoft, fungua gemu, tafuta jina hilo, utalikuta.

Sasa turudi kwenye folda, maana hapa ndipo watu wananichosha. Jina la myuteksi halikai kwenye folda. Limo ndani ya programu yenyewe. Ukinakili folda mara kumi, utakuwa na nakala kumi zinazoomba jina lilelile, na ya pili itajibiwa 183 kama ilivyojibiwa jana. Kubadilisha jina la faili la exe, lile linalowasha gemu, nako hakusaidii. Kunasaidia tu kwa gemu chache zinazokagua orodha ya programu zinazoendelea badala ya kutumia myuteksi.

Tena kunakili kunaongeza mzigo uleule mliokuwa mnaukimbia. Windows ikifungua programu mara mbili kutoka faili moja, haipakii msimbo wake mara mbili kwenye kumbukumbu. Kurasa zisizobadilika zinatumiwa na nakala zote mbili. Data iliyosomwa kutoka diski nayo huhifadhiwa mara moja na kugawiwa wote. Ukiweka folda mbili, kwa Windows hayo ni mafaili mawili yasiyojuana, kwa hiyo kila kitu kinasomwa mara mbili na kinakaa mara mbili. Ni kweli gemu zenye kinga kali hufumbua msimbo wake ndani ya kumbukumbu, na hapo faida ya kushirikiana inapungua. Lakini ile data ya diski bado inagawiwa, na ndiyo kubwa. Kwa hiyo kijana amejaza makumi ya GB kwenye diski ili apate mashine nzito zaidi, na gemu ya pili bado haifunguki.

Imani hii ya kunakili folda ina chembe ya ukweli, na ndiyo inayoifanya isife. Gemu nyingine hufunga faili lao kuu la data ili nakala nyingine isiliguse. Guild Wars 2 hufanya hivyo kwa Gw2.dat. Hata ukiondoa myuteksi, nakala ya pili kutoka folda ileile itagonga mwamba kwenye faili hilo. Lakini waliotengeneza gemu walishaweka dawa: kwenye njia ya mkato (shortcut) ya gemu, baada ya exe, unaongeza -shareArchive, na kila nakala inalifungua faili kwa kulisoma tu. Kwa kuwa inasoma tu, haiwezi kupokea masasisho. Siku ya sasisho fungua kwanza bila amri hiyo, subiri imalize, ndipo urudi kwenye utaratibu wako.

Mbona ukiingia kama mtumiaji mwingine wa Windows, huku wa kwanza hajatoka, nakala ya pili mara nyingi inafunguka? Kwa sababu jina lisiloanza na Global hukaa ndani ya kikao kimoja, na mtumiaji wa pili ana kikao chake. Ila ukibofya kulia na kuagiza programu iendeshwe na mtumiaji mwingine, bado uko kikao kilekile, na kofia iko palepale. Sandboxie, programu ya kutenga programu nyingine, nayo hufanikiwa kwa njia inayofanana: huipa kila programu eneo lake la majina.

Nguvu ya mashine ina nafasi yake, baada ya mlango kufunguka. Kinachoumia kwanza mara nyingi ni kadi ya picha, kwa kuwa kila dirisha linachora kwa kasi yote linayoweza hata kama hulitazami. Punguza idadi ya fremu, yaani picha kwa sekunde, za dirisha la nyuma. World of Warcraft ina mpangilio wake wa hilo, gemu nyingine utatumia programu ya kadi yenyewe. Kugawa kori za prosesa, hizi kwa nakala hii na zile kwa nyingine, ni jambo linalosifiwa na wengi. Mimi nimeona kukisaidia mashine moja na kuiharibu nyingine inayofanana nayo, kwa hiyo sikushauri mtu aanze na hapo. Wanaofungua gemu za simu kwenye LDPlayer au BlueStacks wao ndio wanaohitaji RAM kwelikweli, kwa sababu kila nakala inabeba Android nzima.

Wapo pia wanaosema akaunti ya pili inahitaji laini yake ya intaneti; hilo nitalijibu kwa ufupi. Seva haichanganyi akaunti zako kwa sababu zinatoka nyumba moja. Kila muunganisho una poti yake, yaani namba ya mlango wake, upande wako, na Windows ina poti 16,384 za kugawa kwa kazi hiyo. Mwenye intaneti ya simu mara nyingi tayari anatumia anwani moja ya IP na wateja wengine wengi wa mtandao wake, watu asiowajua kabisa. Seva ingekuwa inafungia kila anwani yenye wachezaji wawili, ingefungia mitaa mizima. Huhitaji laini ya pili.

Linalofungiwa ni jambo jingine, na hapa wapiga soga wameharibu kweli. Kuwa na madirisha mawili si sawa na kupeleka bonyezo moja kwenye madirisha mawili. EVE Online ilipiga marufuku kurudufisha mabonyezo kuanzia tarehe 1 Januari 2015. World of Warcraft ilifuata Novemba 2020. Zote mbili ziliendelea kuruhusu mtu mmoja kuwa na akaunti kadhaa zilizo wazi kwa pamoja, mradi kila moja aiendeshe kwa mkono wake. Watu wakasoma kichwa cha habari, wakatangaza kwamba akaunti mbili ni kosa. Wengine, kinyume chake, wakasikia akaunti mbili zinaruhusiwa, wakasakinisha programu ya kurudufisha, wakapoteza zote mbili. EVE ina sharti la ziada kwa wasiolipa: akaunti ya Alpha haiendi sambamba na nakala nyingine yoyote. Hilo ni sharti la mkataba, wala si kasoro ya mashine yako ya kuleta kwangu.

Linalonipa shaka ni kule kutumia Process Explorer kufunga kishikio cha myuteksi, yaani kuifanya gemu inayoendelea iachie lile jina ili nakala ya pili ifunguke. Hubadilishi faili lolote la gemu, na mwenye gemu ameruhusu akaunti mbili, lakini umeingiza mkono ndani ya programu yake inayoendelea, na mikataba mingi imekataza kuingilia programu kwa maneno mapana yanayoweza kuvutwa upande wowote. Nimelifikiria sana na sijaridhika na jibu la upande wowote. Ninachofanya ni hiki: gemu yenye kinga dhidi ya udanganyifu inayoingia hadi kwenye kiini cha Windows siigusi, hata mteja akisisitiza. Kwa nyingine, tunasoma sheria zake pamoja, tunajaribu kwanza kikao cha mtumiaji wa pili, na kishikio ninakifunga pale tu mteja ameelewa kwamba akaunti inayowekwa rehani ni yake.