Jenerali Dudayev na simu aliyopiga korongoni

Kila ninapotoa mhadhara wa wazi kuhusu vita vya Chechnya, swali la kwanza kutoka kwa wasikilizaji huwa lilelile: ni kweli Dudayev aliuawa kwa sababu ya simu? Ni kweli. Jioni ya Aprili 21, 1996, karibu na kijiji cha Gekhi-Chu, kusini-magharibi mwa Grozny, mji mkuu wa Chechnya, rais wa Wachechen alikuwa akizungumza kwa simu ya setilaiti na Konstantin Borovoi, mbunge aliyekuwa Moscow, kombora lilipomfikia. Lakini anayeijua simu hiyo bila kujua mtu mwenyewe alikotoka atamdhania kuwa mbabe wa msituni, na hapo atakuwa amepotoka kabisa. Dzhokhar Dudayev alikuwa meja jenerali wa jeshi la anga la Kisovieti, rubani wa ndege za mabomu za masafa marefu, mwanachama wa Chama cha Kikomunisti tangu 1968. Mtu wa namna hiyo anafikaje kupandisha bendera dhidi ya Moscow?

Alizaliwa Februari 1944 katika milima ya Chechnya, kaskazini mwa safu ya Kaukazi, akiwa kitinda mimba katika familia ya watoto 13. Mwezi huohuo, tarehe 23, ilikuwa Siku ya Jeshi Jekundu. Vijijini wanaume waliitwa uwanjani kama wanaoitwa kwenye sherehe, kisha wakasomewa amri: Wachechen wote, pamoja na ndugu zao Waingush, wanahamishwa kwa kosa la kushirikiana na Wajerumani. Sehemu kubwa ya nchi yao haikuwahi kukanyagwa na askari wa Hitler. Familia zilipakiwa kwenye malori, mengi yao Studebaker ambayo Marekani ilikuwa imewapa Wasovieti ili wapigane na Hitler huyohuyo, halafu zikafungiwa kwenye mabehewa ya mizigo. Safari ya kwenda Kazakhstan na Kirgizia ilichukua wiki nzima na zaidi, katikati ya baridi kali. Treni iliposimama, askari walikagua mabehewa, na maiti zikaachwa kwenye theluji kando ya reli. Hawa ni Waislamu ambao kwao kumwacha maiti bila kumwosha, kumswalia na kumzika ni jeraha la ukoo mzima. Walihamishwa karibu watu nusu milioni, na makumi ya maelfu hawakurudi.

Kichanga Dzhokhar alikuwa miongoni mwao. Alikulia Kazakhstan, baba yake akafia hukohuko uhamishoni, na familia ikaruhusiwa kurudi nyumbani mwaka 1957, baada ya Stalin kufa na Khrushchev kushika hatamu. Nawaomba wasomaji waitazame vizuri miaka hiyo 13. Kizazi chote cha viongozi wa Wachechen wa miaka ya 1990 kilitoka humo. Aslan Maskhadov, aliyekuja kuwa mkuu wa majeshi yake, alizaliwa uhamishoni Kazakhstan mwaka 1951.

Kijana huyo alisoma chuo cha marubani cha Tambov, akahitimu 1966, na baadaye akapitia Chuo cha Jeshi la Anga cha Gagarin. Alimwoa Alla, Mrusi, binti wa afisa wa jeshi. Alipopewa ujenerali alikuwa Mchechen wa kwanza kufikia cheo hicho katika jeshi la anga la Kisovieti. Kituo chake cha mwisho kilikuwa Tartu, Estonia, alikoongoza divisheni ya ndege nzito za mabomu. Huko aliwaona Waestonia wakidai nchi yao kwa nyimbo na mikutano, na hakuwaonea uadui. Akajifunza pia kwamba dola kubwa linaweza kutetereka.

Mkataa kwao ni mtumwa, nasi tunajua msemo huo unavyoweza kumvuta mtu. Mwaka 1990 aliacha jeshi, akarudi Grozny na kuongoza kamati ya Kongamano la Taifa la Wachechen. Jaribio la mapinduzi la Agosti 1991 liliposhindwa mjini Moscow, wafuasi wake walivamia kikao cha Bunge la jamhuri Septemba 6, na mkuu wa halmashauri ya jiji akafa baada ya kuanguka dirishani. Oktoba 27 Dudayev alichaguliwa rais, katika uchaguzi ambao wapinzani wake waliukataa, na siku chache baadaye akatangaza uhuru. Yeltsin, rais wa Urusi, alituma askari kwa ndege. Wakazingirwa na umati wa watu uwanjani, wakarudishwa kwao kwa mabasi.

Utawala wake haukuwa mzuri, na hilo lazima lisemwe. Katiba ya Machi 1992 iliahidi dola lisiloegemea dini, lenye bunge na mahakama. Mwaka uliofuata Dudayev alilivunja bunge lilipombana. Mishahara na pensheni hazikulipwa, mafuta yaliibwa, Warusi wengi wa Grozny walihama kwa hofu. Amri za kijeshi alizijua; kuishi na mpinzani hakukujua. Makosa hayo ni yake. Hata hivyo, jibu la Moscow lilipita kiasi: Desemba 11, 1994 majeshi ya Urusi yaliingia, na usiku wa kuamkia Mwaka Mpya vifaru vikasukumwa katikati ya Grozny, vikateketezwa mitaani. Kisha jiji likapigwa mizinga na mabomu hadi likawa magofu, na maelfu ya raia wakafa humo, wakiwemo wazee wa Kirusi ambao hawakuwa na kijijini pa kukimbilia.

Kufikia mwaka 1996 vita vilikuwa vimemwelemea Yeltsin, na uchaguzi wa Juni ulikuwa unakaribia. Machi 31 alitangaza mpango wa amani. Kwa hiyo Dudayev, aliyekuwa akijificha, alilazimika kuongea na watu wa Moscow, na njia pekee ilikuwa ile simu.

Simu ya setilaiti haitegemei minara. Inarusha mawimbi ya redio moja kwa moja hadi kwenye setilaiti iliyo juu takribani kilomita 36,000. Mwenye vipokezi vya kijeshi anaweza kupima mawimbi hayo yanatoka upande gani. Akipima akiwa sehemu mbili au tatu, anachora mistari, na inapokutana ndipo alipo mpigaji. Ila anahitaji muda, na kila dakika ya mazungumzo ni zawadi kwake. Dudayev, mtu wa anga, alilijua hilo kuliko wengi. Alihama mara kwa mara na kupigia simu mbali na nyumba za watu.

Jioni ile, kwa maelezo ya Alla, simu iliwekwa juu ya boneti ya gari penye korongo. Alla mwenyewe alisogea kando hadi ukingoni mwa korongo, akasikia mvumo, na mshindo ukamtupa chini. Alipopanda alikuta gari limeharibika na mumewe amejeruhiwa vibaya kichwani. Wasaidizi wa rais nao waliuawa, na Dudayev mwenyewe hakupona. Alikuwa na miaka 52.

Maoni yangu kama mwalimu wa historia ya migogoro ni kwamba kombora lile lilipiga meza ya mazungumzo. Makamu wake, mshairi Zelimkhan Yandarbiyev, alishika urais, na mwishoni mwa Mei akakaa na Yeltsin Kremlin kuzungumzia kusitisha mapigano. Mapigano yakaanza tena baada ya uchaguzi. Agosti Wachechen wakairudisha Grozny mikononi mwao, na tarehe 31 Maskhadov na Jenerali Alexander Lebed wa Urusi wakasaini makubaliano ya Khasavyurt ya kumaliza vita. Aliyetarajia kwamba bila Dudayev Wachechen wangesambaratika, miezi minne tu ilitosha kumwonyesha kuwa amekosea.

Vita vilirudi mwaka 1999, na mauaji ya viongozi yakawa desturi. Yandarbiyev aliuawa kwa bomu la gari mjini Doha, Februari 13, 2004. Mahakama ya Qatar iliwahukumu Warusi wawili kifungo cha maisha, na kabla mwaka haujaisha wakarudishwa Urusi. Maskhadov, ambaye Yeltsin alisaini naye mkataba wa amani Mei 1997, aliuawa Machi 8, 2005 katika kijiji cha Tolstoy-Yurt, na serikali ya Urusi ikakataa kuwapa familia yake mwili wakamzike.

Dudayev alizikwa na watu wake kwa siri, wala kaburi lake halikutangazwa. Riga na Warsaw zimemwekea jina barabarani. Kule Tartu, kwenye ukuta wa hoteli ambayo zamani ilikuwa ofisi yake ya kijeshi, kuna kibao kinachosema kwamba hapa ndipo alipofanyia kazi.