Taarab asilia na kijana wa bongo fleva: dhana na ukweli

Dhana: Taarab asilia ni ya wazee, kijana haimhusu.

Hii ndiyo naisikia kila mara, na ndiyo inayoniuma. Siti binti Saad, mwimbaji wa taarab, mzaliwa wa Fumba kisiwani Unguja aliyeuza vyungu kabla ya kuimba, alivuka bahari mwaka 1928 hadi Bombay kurekodi santuri. Aliyaimba ya mtaani kwake. Wimbo wake wa Kijiti unasimulia mauaji ya mwanamke, na kesi ambayo mashahidi ndio walioishia jela. Msimulie kijana kisa hicho kwanza, ndipo umpigie wimbo. Hatauliza wimbo una miaka mingapi. Atauliza muuaji alikwenda wapi.

Dhana: Mahadhi yake yanapoa mno, hayachezeki.

Asemaye hivi hajafika kwenye harusi inayopigwa kidumbaki. Nyimbo zilezile za taarab, ila hapa kuna fidla, vingoma viwili na sanduku, na hakuna anayebaki kwenye kiti. Sanduku lenyewe ni kasha lililopinduliwa, fimbo moja, uzi mmoja. Mpigaji hulikanyaga lisitoroke, mkono mmoja unavuta fimbo, mwingine unadonoa uzi. Uzi ukikazwa sauti inapanda, ukilegezwa inashuka. Mpe mtoto alishike mwenyewe, kisha afungue kwenye simu wimbo anaoupenda na autafutie besi kwa uzi ule. Akizipata noti mbili tatu, uso unambadilika. Tangu hapo hata ile besi nene ya bongo fleva anaisikiliza kwa sikio jingine.

Dhana: Ni muziki wa Waarabu tu.

Udi na ganuni, ala za nyuzi, vimetoka huko, kweli, na kikundi cha Ikhwani Safaa, kilichoanzishwa Unguja mwaka 1905, kilianza kwa kuimba Kiarabu. Lakini vina, mizani na mafumbo ni vya ushairi wetu wa Kiswahili. Kijana anayechana mistari na kumpiga mwenzake kijembe bila kumtaja jina anafanya kazi ambayo waimbaji wa taarab wameifanya miaka mingi.

Dhana: Kuchanganya ya zamani na ya sasa ni kuiharibu taarab.

Bi Kidude, mwimbaji wa taarab na unyago wa Zanzibar aliyefariki mwaka 2013, alizibeba nyimbo za Siti maisha yake yote. Uzeeni akaimba na Offside Trick, vijana wa Zanzibar wa muziki wa kizazi kipya. Sauti aliyowapelekea ilikuwa ileile ya unyago.